Studio ya matangazo pale Mwanga Kigoma: kazi waliyonifanyia, bei zao, na yule dada wa kwenye mtumbwi

Wenzangu wenye maduka hapa Kigoma, hasa nyie wa simu na kompyuta, hii ni yenu. Najua tunavyohangaika na matangazo. Unalipa hela yako, unapewa klipu ya dada mrembo kashika simu anatabasamu, muziki unapiga, namba ya duka inakimbia chini ya skrini, imeisha hiyo. Watu wanaangalia, wanasema dada mzuri huyo, bei hawaulizi. Mimi nauza laptopu za mtumba, zile zilizotumika maofisini huko nje zikaletwa huku, nazifungua, naweka SSD, ile diski ya kisasa ya kuhifadhia inayofanya mashine iwe na kasi, betri ikiwa imechoka nabadilisha, na ukinunua nakupa warantii. Duka liko Mwanga.

Kabla ya hawa ninaotaka kuwaelezea nilishatengenezewa tangazo na watu wengine, siwataji, na tangazo lenyewe kwa macho halikuwa baya. Kilichoniuma ni yule binti. Muda umepita nakuja kuona sura yake kwenye bango la saluni, baadae tena kwenye tangazo la mikopo, picha zile zile zilizopigwa dukani kwangu, nguo ile ile, mpaka ukuta wangu unaonekana nyuma yake, nikampigia simu akaniambia dada mimi hata sijaulizwa, na mama yake huko nyumbani majirani wanamuuliza kama mwanae ndo anakopesha watu. Malipo yake yote ilikuwa nauli na soda. Toka siku hiyo nikasema studio yoyote nitakayoipa kazi naangalia kwanza huyo mtu atakayesimama mbele ya kamera wamempataje na wanaishi nae vipi. Kamera kali kila mtu anayo siku hizi, hiyo hainitishi.

Hawa wa sasa wako juu ya duka la vifaa vya ujenzi, ng'ambo ya barabara ukiwa unatoka Soko la Mwanga, ngazi ziko pembeni, usipouliza unapitiliza. Vyumba viwili. Kimoja kimejaa godoro ukutani, hapo ndo wanarekodia sauti, kingine kina kompyuta na benchi la wateja. Kuna kaka mmoja mpole ndo muongozaji, mdogo wake ndo anaediti, na dada mmoja anashika mahesabu na mikataba, na huyo dada ndo roho ya ile ofisi nawaambia ukweli.

Nilipoeleza shida yangu yule kaka hakuniuliza bajeti. Akaniuliza, "Dada yangu, wewe unauza kompyuta, ushawahi kuona tangazo la kompyuta ambalo kompyuta yenyewe haionekani?" Nikamwambia nalijua, unalisema lile la dada wa nyundo. Akacheka, akasogeza kiti. Hapo tukaanza kuongea lugha moja maana mimi lile tangazo naliangalia kila nikipata bando la maana, na sijawahi kulichoka.

Kwa ambaye hajaliona ngoja nieleze maana bila hilo hii kazi waliyonifanyia hamtaielewa. Ni tangazo la Apple la kuitambulisha kompyuta yao ya Macintosh, dakika moja, lilirushwa taifa zima la Marekani tarehe 22 Januari 1984 katikati ya Super Bowl, ile fainali ya mpira wao. Aliyeliongoza ni Ridley Scott, Muingereza, na walishuti kwenye studio za Shepperton huko huko Uingereza. Unaona watu wamenyolewa vipara, nguo zimepauka, wanatembea mstari mmoja kwenye njia ndefu, wanaingia ukumbini wanakaa wanamkodolea mzee mmoja kwenye skrini kubwa anawahubiria, na rangi ya kila kitu ni ya kijivu na bluu iliyokufa. Halafu anatokea dada anakimbia. Kaptula nyekundu, singlendi nyeupe, mikononi nyundo ile ya kubomolea ukuta, nyuma askari wenye helmeti wanamfukuza. Anafika mbele, anajizungusha, anaiachia nyundo, skrini inalipuka na ule mwanga unawapiga wale watu waliokaa wamebaki midomo wazi. Ndo yanapita maandishi na sauti inasoma kwamba tarehe 24 Januari Apple wataileta Macintosh na mtaona kwa nini mwaka 1984 hautakuwa kama 1984, hapo wanaigusa riwaya ya George Orwell ya serikali inayomchungulia kila mtu. Basi. Kompyuta hujaiona, kuna mchoro wake tu wa mistari kwenye singlendi ya yule dada, na usipokuwa makini unakupita.

Na ingetajwa bei sijui nani angeshangilia. Macintosh ile ya kwanza iliuzwa dola 2,495, memori yake kilobaiti 128, skrini inchi 9 nyeusi na nyeupe. Nikiwaambia wateja wangu kilobaiti 128 wanadhani nawatania, maana picha moja unayopiga na simu ya kawaida leo haienei humo. Mzigo wote wa kumfanya mtu aitamani hiyo mashine aliubeba dada mmoja ambaye toka mwanzo mpaka mwisho hatamki neno.

Anaitwa Anya Major. Nalitaja jina kwa makusudi kwa sababu watu wanaohadithia lile tangazo watakutajia Steve Jobs, mmoja wa waanzilishi wa Apple, watakutajia Ridley Scott, watakutajia wakala wa matangazo Chiat/Day aliyelibuni, watakuhadithia mpaka bodi ya Apple ilivyolichukia walipoonyeshwa, ikabaki kidogo lisirushwe, lakini yeye watamuita tu yule msichana wa nyundo. Hii mimi inaniuma kabisa. Alikuwa mwanariadha, mrusha kisahani, Muingereza. Na inasimuliwa kwamba walipokuwa wanatafuta mtu walijaribu mamodo na ile nyundo ikawashinda, maana ukijizungusha na kitu kizito chenyewe ndo kinakuzungusha wewe, na mmoja aliiachia ikaenda kusikotakiwa ikataka kumpata bibi wa watu aliyekuwa anajipitia zake Hyde Park pale London. Anya akaja akazunguka akarusha. Alikuwa anaijua ile kazi mwilini. Nyie siku mkiliangalia msiangalie uso wake, angalieni miguu, inavyokanyaga pale mwisho kabla hajaiachia, huwezi kumfundisha mtu ile kwa nusu saa ukamwambia aigize.

Basi yule kaka akasema hicho ndo anachokitaka, na wala sio nyundo. Mdogo wake mwediti ndo alikuwa na hamu ya nyundo, anataka tununue tivii ya kichogo mbovu tuivunje kule Bangwe jua likizama, kaka yake akamwambia mtu wa Ujiji akiona nyundo inavunja tivii atauliza tivii ya nani na kakosa nini. Akanigeukia mimi, akauliza hapa kwetu watu wanakaa wapi wanasubiri kama wale vipara?

Jibu lilinitoka lenyewe. Steshenari. Mnajua wenyewe. Nafasi za kazi zikitangazwa, au vyuo vikifungua maombi, mtu anatoka Mwamgongo huko na boti mpaka Kibirizi, anachukua bajaji mpaka Mwanga, anakaa kwenye benchi na bahasha ya kaki mapajani anasubiri kuchapiwa barua, kuskaniwa vyeti, kufunguliwa akaunti ya maombi, na neno la siri anabaki nalo mwenye steshenari. Akirudi nyumbani akiitwa usaili hajui kwa sababu ujumbe umeingia kwenye imeili ambayo yeye hawezi kuifungua. Mimi nauza laptopu kwa sababu ya hawa watu. Wengi wao hela ya laptopu ya mtumba wanayo, hasa wakichanga ndugu wawili watatu, wanachoogopa ni kwamba hiki kitu sio cha watu kama wao.

Kwa hiyo hadithi ikawa hivi. Benchi, watu wenye bahasha, giza giza, hakuna anayeongea. Halafu ziwani alfajiri, dada mfanyabiashara wa dagaa yuko kwenye mtumbwi, anatoa laptopu kwenye mfuko, anakaa ubavuni mwa mtumbwi anapiga hesabu zake na kutuma barua yake mwenyewe. Jina la duka linakuja mwisho kabisa sekunde chache. Dakika moja ile ile ili ikae kwenye stetasi.

Sasa kumpata huyo dada, hapa ndo pa kuwapa hawa jamaa maua yao.

Walitangaza, wakaja wadada kadhaa, wazuri, wengine wana wafuasi wengi mtandaoni. Studio za kawaida zingewapiga picha ukutani zikachagua. Hawa waliwapeleka Kibirizi. Wakakodi mtumbwi wa mzee mmoja, ukasukumwa mpaka maji ya kiunoni, na kila mmoja akaambiwa panda, simama, tembea mpaka mbele, kaa, fungua hii laptopu, andika. Laptopu yenyewe ilikuwa kasha tu la mbovu nililotoa dukani. Na muwaelewe hao wadada, mtumbwi unayumba, wimbi dogo tu likipita unatafuta pa kushika. Kuna aliyekaa chini moja kwa moja akasema kaka siwezi, kuna aliyesimama vizuri ila macho yote kwenye maji, uso umekaza, ukimuangalia unaona mtu anayeogopa kuzama. Hakuna aliyechekwa. Nilipenda hiyo, na wote hata walioshindwa walipewa hela ya nauli na ya muda wao papo hapo, sio tutakutumia.

Halafu akapanda dada mmoja kutoka Katonga. Watu wake ni wavuvi, yeye anauza dagaa, na yuko kwenye kikundi cha ngoma na maigizo kinachozunguka vijijini na maigizo ya mambo ya afya, kwa hiyo kuigiza anajua kwa kazi. Alikunja kanga, akashika ubavu kwa mkono mmoja, akaingia kama anaingia jikoni kwake. Akasimama miguu imeachana, magoti yamelegea, mtumbwi unaenda huku yeye kiuno kinarudi huku, na macho kwenye laptopu. Wimbi likapita. Hata hakuangalia. Akaendelea kubonyeza vitufe vya laptopu iliyokufa huku kakunja uso kidogo, kama mtu ambaye hesabu za magunia hazijakaa sawa. Mzee mwenye mtumbwi alikuwa amesimama pembeni yangu, akasema huyu kazaliwa humu humu. Muongozaji hakusema kitu, akafunga daftari.

Nilimuwaza Anya Major pale pale. Kule ilikuwa kisahani, hapa mtumbwi, lakini ni jambo moja, mtu ambaye mwili wake unaijua kazi anakupa kitu ambacho mtazamaji anakiamini bila kuambiwa. Na tangazo la kompyuta ndo linahitaji hilo kuliko tangazo la sabuni. Kwa sababu mteja anachokiogopa ni kompyuta yenyewe. Ukimuonyesha dada aliyejiremba ofisini anagusa gusa laptopu, anasema sawa, hao ndo wenyewe. Ukimuonyesha dada ambaye anajua kusimama kwenye mtumbwi kuliko wewe na bado anaandika, yule wa Mwamgongo anasema kumbe.

Kabla ya kushuti tukaitwa wote ofisini kusaini. Yule dada wa mikataba alitoa karatasi ya Kiswahili, ukurasa na nusu, akaisoma kwa sauti mstari kwa mstari kisha akamuuliza dada wa Katonga umeelewaje, amwambie kwa maneno yake. Malipo laki na nusu kwa siku ya kushuti, nusu anapewa kabla. Picha na video ni kwa duka langu tu, bidhaa za duka langu tu, mwaka mmoja, nikitaka kuendelea namlipa tena. Studio hairuhusiwi kuzitumia kutangaza biashara nyingine. Kuna kipengele kwamba jina lake litaandikwa chini ya tangazo kila linapowekwa, akitaka. Alitaka. Na akaelezwa kwamba nchi ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, ilianza kutumika tarehe 1 Mei 2023, kuna Tume kabisa ya kupokea malalamiko, na sura yako ni taarifa yako. Nilikaa pale nikawa namkumbuka yule binti wa mwanzo, nikatamani angekuwepo.

Mtu anaweza kusema mwaka mmoja wa nini, tangazo la duka la Mwanga nani atalikumbuka. Mimi nasema tangazo huwezi kujua litaishi mpaka lini. Lile la Macintosh kabla ya Super Bowl lilirushwa kwanza Desemba 1983 kwenye kituo kidogo cha tivii Twin Falls, Idaho, mji ambao nina uhakika wengi wetu tunausikia leo, ili tu lihesabike kwenye mashindano ya matangazo ya mwaka ule. Mwaka 2004 Apple wakalitoa tena kuadhimisha miaka 20, wakamuwekea yule dada iPod kiunoni kwa kompyuta, kifaa cha kusikilizia muziki ambacho alipokuwa anakimbia hakikuwepo duniani. 2007 mtu akalichukua akaweka uso wa Hillary Clinton, aliyekuwa anautaka urais, kwenye ile skrini kubwa, ikawa siasa za uchaguzi wa Marekani. 2020 Epic Games, kampuni ya magemu, walipogombana na Apple wakatengeneza la kwao la katuni kwa mtindo ule ule. Miaka yote hiyo mtu mmoja aliyekimbia mbele ya kamera akiwa kijana anaendelea kukimbia, anavalishwa hiki, anaingizwa kwenye ugomvi ule. Ndo maana mkataba wa mtu anayetoa mwili wake kwenye tangazo uandikwe kabla, tena uandikwe kwa lugha yake.

Kushuti. Walichagua kipindi cha mbalamwezi kwa sababu dagaa wanavuliwa kwa taa usiku wa giza, mwezi ukiwa mkubwa wavuvi wanapumzika na mitumbwi iko pale, haumpotezei mtu riziki yake. Hii akili mtu wa kutoka mbali asingekuwa nayo. Tulifika Kibirizi bado giza ili tuwahi ziwa kabla upepo haujaamka. Kulikuwa na mtumbwi wa pili wa kamera na vijana wawili waogeleaji, na dada alivaa jaketi la kuelea mpaka dakika ya mwisho kabla ya kila picha. Droni wanayo, iko kwenye sanduku, niliwaomba wairushe nione mji kwa juu, wakakataa, kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga hakijatoka na wao hawarushi bila kibali. Nilinuna kidogo ila nawaheshimu kwa hilo.

Kuna kipande kimoja nataka niseme. Jua linatoka nyuma ya vilima upande wa mji, mwanga unafika kwenye maji taratibu, dada kakaa ubavuni, laptopu sasa ni ile nzima kabisa yenye bei yangu, roho yangu mkononi. Muongozaji akamwambia usiigize, andika kitu cha kweli. Akaandika. Baadae nikafungua nikakuta ameandika hesabu za kweli za mzigo wake wa dagaa, bei ya kununulia, chumvi, nauli ya treni ya mizigo, anachodaiwa, na chini kabisa faida, na kaikosoa mara mbili. Ndo uso mnaouona kwenye tangazo pale kwenye sekunde ya arobaini hivi, ule wa mtu aliyekuta hela imepungua. Hamna modo angeutoa uso ule.

Haya, na mabaya yao maana sijalipwa kuwasifia.

Wanachelewa. Walinipa ahadi ya siku, ikapita, ikapita tena, umeme ukakatika, mara kompyuta ya kuediti inapata moto, nikawaambia kaka zangu mimi nauza kompyuta mngeniambia mapema ningewaazima. Toleo la kwanza walilonipa namba ya duka ilikuwa na tarakimu moja imekosewa. Moja! Ningeweka vile simu zingeenda kwa mtu mwingine kabisa. Walirekebisha siku ile ile bila kelele ila ni kitu cha kukagua nyie wenyewe, msiamini. Sauti ya ziwani ilikuwa upepo mtupu, maiki yao haina kinga nzuri, ikabidi dada arudi kurekodi mle kwenye chumba cha godoro, na kwa hiyo siku walimlipa nyongeza, sawa, lakini maiki wabadilishe. Hela ya mtumbwi haikuwepo kwenye hesabu ya mwanzo, ikaja kuongezwa elfu arobaini, sio nyingi ila ningependa niijue mapema. Na sehemu ya benchi ya steshenari kwenye toleo la kwanza ilikuwa ndefu mno, muziki wa huzuni kama msiba, nikawaambia kata, watu wa Kigoma wakisubiri wanapiga stori pia, hawajafa. Wakakata, ikawa bora.

Kubwa kuliko yote ni wale waliokaa kwenye benchi. Dada wa mtumbwi kafanyiwa kila kitu sawa, lakini wale tisa kumi wenye bahasha walipewa wali na migebuka na nauli, hakuna karatasi waliyosaini. Nikauliza mbona hawa hawana mkataba, nao wana sura. Dada wa mikataba alikaa kimya halafu akasema kweli dada, hilo tumelipita. Baadae walizungushiwa fomu fupi mmoja mmoja, wengine tukawafuata mpaka Gungu, na kila mmoja akaongezewa elfu kumi, nusu nimetoa mimi nusu wao. Sasa nasikia ndo utaratibu wao kwa kila kazi. Mkienda waulizeni, msione aibu.

Bei kwa ujumla, laki sita na nusu, ndani yake malipo ya dada mkuu, sauti, muziki waliotunga wenyewe, hakuna wimbo wa mtu ulioibwa humo, na unapewa toleo la kulala la tivii na toleo la kusimama la simu. Nusu unalipa kabla. Kuna wanaofanya kwa laki moja na nusu hapa hapa mjini na klipu ikawa safi machoni, kwa anayetaka klipu tu aende huko. Mimi naona hela yangu imekaa mahali pake.

Na kazi imezaa. Wanaopiga wanaanza na swali, laptopu ile ya kwenye mtumbwi shilingi ngapi, wanapiga kutoka Kasulu, Uvinza, wawili walipiga kutoka ng'ambo kule Kongo. Wanawake wameongezeka dukani, hilo sihitaji daftari kuliona, zamani nilikuwa nauzia wanafunzi wa kiume na maofisa. Alikuja mama mmoja wa dagaa wa Kibirizi pale pale, kanunua, akasema yule binti wa Katonga ananidai dagaa zake na namjua, kama yeye anaweza basi mimi simshindwi. Nilimkalisha nikamfundisha jedwali la hesabu mpaka jioni, chai ya dukani na maandazi, na imeili yake kaifungua mwenyewe na neno la siri kalijua mwenyewe.

Chini ya tangazo kila nilipoliweka jina la dada lipo kama alivyotaka. Kikundi chao cha maigizo kimeanza kupata mialiko ya kulipwa, na studio nyingine mbili zimemfuata, moja akaikataa baada ya kuomba mkataba wakamwambia hatuna mambo hayo.

Mkitaka kwenda, nendeni asubuhi, Ijumaa mchana wanafunga kwa swala na jioni umeme wa ile ghorofa ni wa kubahatisha. Ombeni hesabu kamili ya maandishi pamoja na chombo cha usafiri. Kagueni namba ya simu kwa kuipiga kabisa. Mimi narudi kwao mwezi ujao kwa tangazo la simu za mtumba, nimemuomba dada yule yule, kaniambia sasa hivi bei yake ni laki mbili na nusu, na tumeshasaini.